Gemu Nimenunua Mwenyewe, Mbona Nisimwazime Ndugu Yangu?

Na Mwanafunzi wa Kidato cha Tatu

Kalamu yangu leo naielekeza kwa jambo ambalo wengine watalicheka wakisema ati ni la watoto na wavivu. Ni habari ya gemu, yaani michezo ya video. Sikuja kuzisifu gemu zenyewe, maana najua walimu wengi hawazipendi hata chembe, na mamangu ndiye mwenyekiti wao. Nataka tuulizane swali moja tu. Mtu akitoa pesa zake akanunua gemu ya kidijitali, ile inayopakuliwa kutoka kwenye intaneti bila diski wala kasha, je, ana haki ya kumwazima ndugu au rafiki yake? Mimi nasema anayo. Tena nasema kampuni zinazouza gemu hizo zinatubana kupita kiasi, ingawa siku hizi zimeanza kulegeza kamba kidogo.

Hebu tuanze na diski. Wewe una diski ya gemu, mimi nina konsoli. Unanipa mkononi, naenda kucheza, Jumatatu nakurudishia. Hakuna aliyeuliza kampuni. Na hapa pana jambo ambalo watu hulisahau: diski ikiwa kwangu, wewe huna. Ni kama kitabu cha fasihi. Nikikuazima changu usiku wa kuamkia mtihani, mimi ndiye nitakayekodoa macho kesho yake. Kwa hivyo kuazimana kwa namna hii kuna mpaka wake wenyewe, hakuhitaji polisi.

Ugomvi huu si mgeni duniani. Kule Marekani kampuni ya vitabu ya Bobbs-Merrill ilichapisha riwaya moja ikaandika ndani yake kwamba ni marufuku kuiuza rejareja kwa chini ya dola 1. Wenye duka la Macy's wakaiuza kwa senti 89. Kesi ikapanda mpaka Mahakama ya Juu, na mwaka wa 1908 majaji wakaamua kwamba mwenye hakimiliki akishauza nakala yake, hawezi kumfuata mnunuzi hadi dukani na sharti la bei. Baadaye jambo hilo liliingizwa katika sheria yenyewe, na mpaka leo Mmarekani aliyenunua kitabu au diski kihalali anaweza kuiuza tena, kuiazima au kuigawa. Yote kwa sababu ya senti 11!

Sasa njoo kwenye gemu ya kidijitali. Unabonyeza neno "nunua", pesa zinatoka, gemu inaingia. Ukisoma yale maandishi madogo ambayo hakuna mtu husoma, utaona kwamba hukununua gemu. Umenunua leseni, yaani ruhusa ya kucheza, nayo imefungwa kwenye akaunti yako kama mbuzi kwenye kigingi. Jimbo la California lilichoshwa na mchezo huo wa maneno, likapitisha sheria mwaka wa 2024. Tangu tarehe 1 Januari 2025 muuzaji huko hawezi kutumia neno "nunua" hivi hivi bila kumweleza mteja waziwazi kwamba anapata leseni tu. Mimi naipongeza sheria hiyo, lakini naona imetibu ulimi, haijatibu tumbo. Kuambiwa kwamba kitu si chako si sawa na kupewa kitu chako.

Kuna kisa cha mwaka wa 2013 ambacho kila mpenda gemu afaa kukijua. Microsoft walipotangaza konsoli yao ya Xbox One mwezi wa Mei, walikuja na masharti. Konsoli ilitakiwa iingie kwenye intaneti angalau mara moja kila saa 24, la sivyo gemu hazichezeki. Hata gemu za diski zingefungwa kwenye akaunti, na kumpa rafiki diski yako kungekuwa na vikwazo vyake. Watu walipiga kelele, we! Mwezi wa Juni wapinzani wao Sony wakatoa video fupi sana ya kuonyesha namna ya kuazimana gemu kwenye PlayStation 4: mtu mmoja anampa mwenzake kasha mkononi, basi, imekwisha. Tarehe 19 Juni Microsoft wakarudi nyuma, wakayafuta masharti hayo yote.

Wengi husimulia kisa hicho wakikomea hapo, wakishangilia. Mimi nina neno la kuongeza. Katika mpango ule ule uliofutwa kulikuwa na ahadi ya kushiriki gemu zako na watu hadi 10 wa jamaa yako, popote walipo. Nayo ilitupwa pamoja na masharti. Yaani kelele zetu ziliiokoa diski lakini zikaiacha gemu ya kidijitali bila mtetezi. Na leo ni gemu ngapi zinauzwa bila diski kabisa?

Nisije nikaonekana mchochezi, nieleze pia yale mazuri yaliyopo. Kwenye Xbox unaweza kuteua konsoli moja iwe ya nyumbani. Yeyote atakayeitumia konsoli hiyo atacheza gemu zako za kidijitali kwa akaunti yake mwenyewe, na wewe ukiwa kwingine unaingia kwa akaunti yako unacheza. PlayStation wana mpango unaofanana na huo. Kwa hakika huu ni ukarimu kuliko diski, kwa maana watu wawili wanaweza kucheza gemu moja kwa wakati mmoja. Nani alishawahi kukata diski vipande viwili?

Lakini ukarimu huo una shimo, nalo nitalionyesha kwa mfano wa kwetu. Kakangu yuko chuoni Mombasa na konsoli yake. Nyumbani tumebaki na kuukuu tuliyoachiwa na mjomba. Gemu tulinunua pamoja, mimi nikichanga shilingi 1,500 nilizopata kwa kuuza mayai, lakini akaunti ni moja na jina lililoandikwa ni lake. Tuliteua konsoli ya nyumbani iwe hii ya mjomba, kwa kuwa kwetu intaneti ni ya kununua bando na bando haikai. Sisi tunacheza hata bila mtandao. Yeye kule Mombasa, kwa sababu yake si ya nyumbani, lazima kampuni ithibitishe leseni kwa intaneti. Siku mtandao wa hosteli ukilala, naye analala. Gemu iko pale pale ndani ya konsoli, imepakuliwa yote, imelipiwa, ila haifunguki. Niliwaandikia wenye konsoli hiyo kuuliza kama gemu iliyonunuliwa na watu wawili inaweza kuandikwa majina mawili. Jibu lilikuja upesi, la adabu nyingi, nalo lilikuwa hapana.

Hapo ndipo ninapoona kiini cha jambo. Kampuni hizi zimejiamulia maana ya neno jamaa. Steam, wanaouza gemu za kompyuta, walifungua mpango wao mpya wa familia mwaka wa 2024. Mnaweza kuwa watu 6, lakini wanasema mpango ni wa watu wanaoishi nyumba moja. Mtu mzima akijiondoa, hana ruhusa ya kujiunga na familia nyingine mpaka mwaka mmoja uishe tangu alipoingia ile ya kwanza. Nintendo nao, kuanzia mwaka wa 2025, wana kadi ambazo hazishikiki kwa mkono. Unamwazima mtu wa kikundi cha familia yako gemu kwa siku 14, wewe huwezi kuicheza wakati huo, kisha inarudi kwako yenyewe. Mpango huu naupenda kweli kweli, kwa sababu ni diski kamili iliyovaa nguo mpya: ikiwa kwako, mimi sina. Kasoro yake ni kwamba siku ya kuazimana konsoli zote mbili lazima ziwe karibu.

Sasa nawauliza, jamaa wa kwetu wanakaa nyumba moja? Binamu yangu wa Eldoret, mtoto wa dada ya baba, ambaye nikienda kwao tunalala kitanda kimoja na kula sahani moja, si jamaa? Na shangazi aliyenilea miaka miwili? Aliyeandika masharti hayo alikuwa akifikiria baba, mama, watoto wawili na mbwa. Haikumjia akilini kwamba kuna watu ambao ndugu zao hawatoshi kwenye fomu.

Wako watakaonipinga. Tulipokuwa tukibishana darasani, mwenzangu mmoja hodari wa hesabu alisema: watu 10 wakicheza gemu moja, kampuni imelipwa mara moja, waliotengeneza watakula nini? Ni hoja nzito na siidharau. Gemu kubwa hutengenezwa na mamia ya watu kwa miaka kadhaa, nao wana kodi ya nyumba kama sisi. Tena nakala ya kidijitali haichakai. Diski hukwaruzika, kitabu huliwa na panya, lakini gemu iliyopakuliwa ni mpya milele. Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya ililitaja jambo hilo la kutochakaa mwaka wa 2019 ilipokataa vitabu vya kielektroniki kuuzwa mitumba bila idhini. Mwaka huo huo mahakama ya Paris ilisema wateja wa Steam wana haki ya kuuza gemu zao, lakini mwaka wa 2022 mahakama ya rufani ikaugeuza uamuzi huo.

Jibu langu ni kwamba hao wote walikuwa wakizungumza habari ya kuuza. Mimi nazungumza habari ya kuazima. Anayeazima hachukui faida, na kitu kinarudi. Kama Nintendo wameweza kuhakikisha kwamba nakala moja inachezwa na mtu mmoja kwa siku 14 kisha inarudi, basi mtambo wa kufanya hivyo upo tayari, si ndoto. Kilichobaki ni kuondoa ule ukaribu wa konsoli na kuruhusu rafiki aingie, hata kama ni rafiki mmoja kwa mwezi.

Kuna jambo jingine ambalo halina uhusiano na kampuni, nalo linatuhusu sisi. Naona watu hapa shuleni wakigawa pasiwadi zao kama njugu, ati "ingia kwa akaunti yangu ucheze". Huko si kuazimana. Ni kumkabidhi mtu funguo za nyumba kwa sababu ameomba kijiko. Kwenye Steam, hata ndani ya familia halali, mtu wako akifanya udanganyifu akitumia nakala yako, nawe unaweza kufungiwa gemu hiyo. Na wapo wanaonunua akaunti za watu wasiowajua ili wapate kwa bei ya chini ile gemu ya kandanda, ambayo mpaka leo tunaiita FIFA ingawa jina lilibadilishwa mwaka wa 2023. Mwenye akaunti akibadilisha pasiwadi asubuhi, utamshtaki wapi?

Kwetu, tumekubaliana na kakangu kuanzisha daftari. Kila gemu ina ukurasa wake: bei, tarehe, nani alichanga ngapi. Binamu wa Eldoret naye ana ukurasa, kwa sababu alichanga shilingi 500 mwezi wa Agosti kwa gemu ambayo hajawahi kuigusa, akisubiri Disemba tukutane. Kampuni haitambui daftari letu, najua. Chama chetu kina mdahalo muhula ujao, na nimeshampa mwalimu mlezi hoja hii. Yule mwenzangu wa hesabu amesema atakuwa upande wa kampuni.