Mkopo wa nyumba: Yanayofichwa na malipo ya kila mwezi

WAKENYA wanaofika benki kuulizia mkopo wa nyumba huwa na swali moja kuu: nitakatwa pesa ngapi kwa mwezi? Afisa wa mikopo hubonyeza tarakimu chache kwenye kompyuta, jibu likapatikana, na mteja akalilinganisha na mshahara wake. Likionekana kubebeka, safari ya kutia saini huwa imeanza. Swali la pili, ambalo ndilo lenye uzito, aghalabu haliulizwi: nyumba hii itakuwa imenigharimu kiasi gani siku nitakapokabidhiwa hatimiliki isiyo na deni?

Ripoti za Benki Kuu ya Kenya, CBK, za miaka ya hivi majuzi zinaonyesha kuwa nchi nzima ina takriban mikopo 30,000 tu ya nyumba. Hii ni idadi ndogo mno kwa taifa lenye watu zaidi ya milioni 50. Ripoti hizo zimekuwa zikitaja riba ya juu na bei ya nyumba miongoni mwa vizuizi vikuu. Hata hivyo, wale wachache waliofaulu kuvuka vizuizi hivyo hawajasalimika, kwani wengi wao hugundua hesabu kamili ya mkopo wakiwa tayari wameulipa kwa miaka kadhaa.

Chukua mfano wa nyumba ya Sh6.25 milioni. Mnunuzi anatoa Sh1.25 milioni kutoka mfukoni mwake na benki inamkopesha Sh5 milioni kwa riba ya asilimia 14, zilipwe kwa miaka 20. Malipo ya kila mwezi yatakuwa Sh62,176. Ukizidisha kiasi hicho kwa miezi 240, jumla ni Sh14.92 milioni. Riba peke yake ni Sh9.92 milioni, karibu mara mbili ya pesa zilizokopwa.

Jumla hiyo inashtua, lakini mpangilio wa malipo unashtua zaidi. Riba ya mkopo wa nyumba hukokotolewa kwa salio la deni, na mwanzoni salio ni kubwa. Katika malipo ya kwanza ya Sh62,176, riba ni Sh58,333. Zinazobaki kupunguza deni la msingi ni Sh3,843 pekee. Baada ya mwaka mzima, mkopaji atakuwa amelipa zaidi ya Sh746,000, ilhali deni litakuwa limeshuka kwa Sh49,000 hivi.

Mwaka wa tano ukiisha, atakuwa amepeleka benki Sh3.73 milioni. Akiomba taarifa ya mkopo wake, ataambiwa angali anadaiwa Sh4.67 milioni. Miaka kumi ikitimia, yaani nusu ya safari, amelipa Sh7.46 milioni na bado anadaiwa Sh4 milioni. Deni la msingi halifiki nusu hadi baada ya miaka 15 na miezi kadhaa. Hakuna ulaghai wowote katika hesabu hii, kwani ndivyo mikopo ya aina hii ilivyoundwa duniani kote. Tatizo ni kwamba kiwango cha riba cha Kenya huifanya iwe kali kuliko ilivyo katika nchi ambako riba ni asilimia nne au tano.

Ukali huo unaonekana wazi riba inapobadilika. Mikopo mingi ya nyumba humu nchini haina riba thabiti, bali hupanda na kushuka kulingana na hali ya soko. Tuseme mkopaji wetu amemaliza mwaka mmoja, kisha riba ikapandishwa kwa pointi moja tu, kutoka asilimia 14 hadi 15. Riba ya mwezi kwa salio lake itakuwa Sh61,885. Akiendelea kulipa Sh62,176 kama zamani, zinazopunguza deni ni Sh291. Kwa mwendo huo, mkopo uliobakisha miaka 19 utahitaji miaka 36 kuisha. Ndiyo maana benki, riba ikipanda, humpa mteja chaguo la kuongeza malipo ya mwezi au kurefusha muda. Barua ya kurefusha muda husomwa kwa faraja na wengi kwa sababu mshahara haujaguswa. Ukweli ni kwamba chaguo hilo ndilo ghali zaidi, na kwa mkopo mchanga huenda lisiwezekane kabisa.

Historia haimpi mkopaji sababu ya kudhani kuwa riba itatulia kwa miaka 20. Katika miaka ya 1990 riba za mikopo zilipita asilimia 30. Mwaka 2011, shilingi ilipoporomoka na mfumko wa bei kupanda, CBK ilipandisha kiwango chake cha msingi kutoka asilimia 7 mnamo Septemba hadi asilimia 18 kufikia Desemba. Waliokuwa wamenunua nyumba miezi michache kabla walijikuta wakidaiwa malipo ambayo hawakuyawazia. Bunge lilijaribu kuleta nafuu kwa sheria ya 2016 iliyozuia benki kutoza zaidi ya pointi nne juu ya kiwango cha CBK, lakini benki zikapunguza kukopesha watu binafsi na wafanyabiashara wadogo, na kizuizi hicho kikaondolewa Novemba 2019. Kiwango cha CBK kilikuwa asilimia 7 kuanzia 2020, kikafika asilimia 13 mnamo Februari 2024, kisha kikashuka tena chini ya asilimia 10 katika 2025. Yote hayo yametokea ndani ya miaka sita, na mkopo wa nyumba unaweza kudumu zaidi ya mara tatu ya muda huo.

Wakopaji wamekuwa wakilalamika kwamba benki huwa na mbio za kupandisha riba na hujikokota inapofika wakati wa kuishusha. Malalamishi hayo yana msingi. Hata baada ya CBK kushusha kiwango chake mara kadhaa kuanzia Agosti 2024, wastani wa riba za mikopo ulikuwa bado karibu asilimia 15 kwa sehemu kubwa ya mwaka uliofuata. CBK ilijibu kwa kutangaza utaratibu mpya wa kupanga riba zinazobadilika, ambao ulianza kwa mikopo mipya Desemba 2025, nayo mikopo ya zamani ikapewa hadi mwisho wa Februari 2026 kuingizwa. Chini ya utaratibu huo, msingi wa riba ni KESONIA, yaani wastani wa riba ambayo benki hutozana kwa mikopo ya usiku mmoja, na juu yake benki huongeza gharama zake, faida na nyongeza ya hatari ya mteja. Mkopaji sasa ana haki ya kuuliza sehemu ipi ya riba yake inatokana na soko na ipi inatokana na benki. Nao Mahakama ya Juu iliamua mwaka 2024 kwamba benki, chini ya kifungu cha 44 cha Sheria ya Benki, haziwezi kuongeza riba bila idhini ya Waziri wa Fedha, uamuzi ambao ulizikosesha usingizi taasisi nyingi za fedha.

Kuna sheria nyingine ambayo hueleweka visivyo. Tangu Mei 2007, kifungu cha 44A cha sheria hiyo kinazuia benki kudai riba inayopita deni la msingi. Baadhi ya wakopaji hudhani basi kwamba mkopo wa Sh5 milioni hauwezi kamwe kuwagharimu zaidi ya Sh10 milioni. Sivyo. Kinga hiyo huanza kufanya kazi mkopo unapoacha kulipwa na kuingia katika orodha ya mikopo mibovu, na huhesabiwa kwa deni lililokuwapo wakati huo. Anayelipa kwa uaminifu kila mwezi hadi mwisho hapati kinga yoyote kutoka kwa kifungu hicho, na ndiye atakayelipa Sh14.92 milioni bila kuvunja sheria na bila kuvunjiwa.

Gharama hizo ni kando na zile za mlangoni. Ushuru wa stempu katika maeneo ya mijini ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba, yaani Sh250,000 katika mfano huu, na asilimia 0.1 ya mkopo hulipwa kwa kusajili rehani. Mnunuzi humlipa wakili wake na, kwa kawaida, wakili wa benki pia. Humlipa mthamini. Hulipa ada ya kuandaa mkopo, ambayo ikiwa ni asilimia moja ni Sh50,000 nyingine. Bima ya maisha na bima ya moto hulipwa kila mwaka kwa muda wote wa mkopo, huku mwenye nyumba ya ghorofa akidaiwa pia ada ya usimamizi wa jengo. Ni busara kwa mnunuzi kuwa na akiba ya ziada isiyopungua asilimia 7 au 8 ya bei ya nyumba kabla hata ya kuzungumzia malipo ya kwanza.

Je, basi ni heri kupanga? Hapa ndipo wanaopinga mikopo hukosea, kwa kulinganisha Sh14.92 milioni na bei ya nyumba ya leo kana kwamba shilingi ya leo na ya miaka 20 ijayo ni sawa. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kwa mwaka, ambayo ni katikati ya lengo la CBK, Sh62,176 za mwezi wa mwisho zitakuwa na thamani ya Sh23,000 hivi za leo. Aidha, kodi ya nyumba haikai mahali pamoja. Anayelipa Sh30,000 kwa mwezi, ikapandishwa kwa asilimia 5 kila mwaka, atakuwa amempa mwenye nyumba Sh11.9 milioni katika miaka 20, na hatakuwa na hata tofali moja. Mkopo una mantiki, mradi mshahara nao ukue na mkopaji avuke salama miaka ya mwanzo, ambayo ndiyo migumu kuliko yote.

Serikali hutoa nafuu kidogo. Tangu mwishoni mwa 2024, anayeishi katika nyumba aliyoinunua kwa mkopo huruhusiwa kuondoa hadi Sh360,000 za riba kwa mwaka katika mapato yanayotozwa kodi. Kwa mtu aliye katika kiwango cha asilimia 30, hiyo ni Sh9,000 kwa mwezi. Si haba, ingawa riba ya mwaka wa kwanza katika mfano wetu inakaribia Sh700,000. Kampuni ya Kenya Mortgage Refinance, iliyopewa leseni mwaka 2020, nayo hukopesha benki na vyama vya akiba na mikopo kwa bei nafuu ili wateja wapate riba isiyofika asilimia 10. Mkopo ule ule wa Sh5 milioni kwa asilimia 9 hulipwa kwa Sh44,986 kwa mwezi na jumla ya Sh10.8 milioni. Tofauti ni zaidi ya Sh4 milioni. (Wabunge, ambao hazina yao huwakopesha kwa asilimia 3, hawana haja ya kusumbuka na hesabu hizi, na pengine ndiyo sababu mjadala huu hauchangamki sana bungeni.)

Kwa asiyeweza kupata riba hiyo, silaha kubwa ni muda. Kurefusha mkopo wa asilimia 14 kutoka miaka 20 hadi 25 hupunguza malipo ya mwezi kwa chini ya Sh2,000 tu, lakini huongeza jumla kwa Sh3.13 milioni. Kuufupisha hadi miaka 15 huongeza malipo kwa Sh4,400 hivi na kuokoa Sh2.9 milioni. Njia nyingine ni kubaki na mkataba wa miaka 20 na kulipa zaidi ya kiwango kilichowekwa. Sh5,000 za ziada kila mwezi tangu mwanzo huumaliza mkopo kwa miaka 14 na miezi saba, na huokoa takriban Sh3.2 milioni. Zikianza mwaka wa kumi, faida yake hupungua sana. Ni muhimu mkopaji ahakikishe kwa maandishi kwamba ziada hiyo inaelekezwa kwa deni la msingi, na kwamba mkataba hautozi faini ya kulipa mapema.

Hatari kubwa zaidi ni ya anayekwama njiani. Sheria ya Ardhi ya 2012 inailazimu benki kumpa mdaiwa notisi ya miezi mitatu, kisha ya siku 40, kabla ya kuuza nyumba yake. Benki inatakiwa kutafuta bei bora inayopatikana, na ikiuza kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko, huchukuliwa kuwa imekiuka wajibu wake isipokuwa ithibitishe vinginevyo. Huo ndio mpaka wa kinga ya mdaiwa. Mkopaji wetu akipoteza kazi mwishoni mwa mwaka wa tano, na nyumba yake ingali na thamani ya Sh6.25 milioni, kisha ikapigwa mnada kwa bei iliyo asilimia 25 chini ya hapo, itauzwa kwa Sh4,687,500. Deni lake wakati huo ni Sh4,668,777. Kutokana na Sh1.25 milioni alizotanguliza na Sh3.73 milioni alizolipa kwa miaka mitano, atabaki na Sh18,723, kabla ya dalali na wakili kuchukua ada zao.