Siku ya kwanza ni siku gani?

Mwezi uliopita, kwa darasa ya Biblia, kijana mumoja aliniuliza neno likanifunga kinywa. Alikuwa amesoma Yoane sura ya 20, pale Maria Magdalena anaenda kaburini siku ya kwanza ya juma. Akasema: «Pasta, basi Yesu alifufuka kazi moja. Sababu gani tunafanya Pasaka siku ya Mungu?» Wenzake wakacheka. Mimi sikucheka, kwa sababu alisoma vizuri. Kosa haliko kwake, liko kwa majina ya siku zetu.

Ndugu musomaji, umekwisha kuyafikiri haya majina? Hapa Kakanda, kama vile Likasi, Kambove na Kolwezi, tunahesabu siku toka kazi. Siku ya kwanza ni ile mutu anarudia kazini. Tunaenda mpaka siku ya tano, halafu siku ya posho, halafu siku ya Mungu. Hii haikutoka kwa mababu wala kwa Biblia. Ni watu wa kampi waliitengeneza, zamani za Union Minière, ile kampuni iliyoanzishwa mwaka 1906, wakati mufanyakazi alikuwa akipewa unga ya bukari na chakula kingine kwa juma. Mimi ni mutoto wa kampi. Siku ya posho mama aliosha beseni asubuhi mapema, na sisi batoto hatukuenda mbali na lopango. Leo posho haiko tena, beseni iko ya kufulia, lakini jina tungali tunalo.

Wenzetu wa Tanzania wao wanahesabu toka Ijumaa, siku ya waislamu. Kesho yake ni Jumamosi, ndiyo ya kwanza yao. Lakini hata wao wako na mambo: Jumatano ni ya tano, na kesho yake ni Alhamisi, ambayo kwa kiarabu ni ya tano vilevile. Tano mbili kwa juma moja! Basi tusione haya. Na zamani za wakoloni, kwa mashamba ya mukonge ya Tanganyika, mwezi wa mufanyakazi ulikuwa kipande, karatasi ya siku 30 za kazi. Ukigonjwa siku tatu, mwezi wako unazidi ule wa jirani.

Kuko wakubwa waliojaribu kugeuza juma lenyewe. Ufaransa, mwaka 1793, waliweka juma la siku kumi. Napoleon akaliondoa mwaka 1802. Urusi, mwaka 1929, walifanya juma la siku tano, ili mashini zisisimame hata siku moja. Wafanyakazi waligawanywa kwa rangi tano, kila rangi na siku yake ya kupumzika. Bwana akiwa rangi hii na bibi rangi ile, hawapumziki pamoja. Watu walinungunika sana. Mwaka 1931 wakageuza kuwa siku sita, na mwaka 1940 wakarudilia siku saba.

Usiseme hayo ni ya Urusi tu. Najua nyumba moja hapa kwetu: bwana anafanya kazi ya usiku, na zamu yake inageuka-geuka. Bibi anauzisha kwa soko, na siku ya posho ndiyo siku yake ya kupata feza. Mutoto wao wa kwanza ni kreseri, anashuka shimoni hata siku ya Mungu. Walikuwa wanaonana kwa mulango tu, mumoja anaingia, mwingine anatoka. Mama alikuja kwangu akilia, akisema: «Pasta, niko na bwana, lakini ni kama niko mujane.»

Sikuwa na dawa kubwa. Niliwaomba wakae na kalendari ya zamu watafute saa zile wote wako. Walipata jioni ya siku ya tatu, juma moja kwa mbili. Wakaiandika kwa ukuta na makala. Juzi nilipita pale bila kujua ni siku hiyo. Mama alinipokea vizuri, akanipa maji ya kunywa, halafu akaniomba kwa heshima nirudi kesho.