"Nia Haijabainika" Isiwe Kaburi la Pili



Leo siandiki kuhusu katiba mpya wala daftari la wapiga kura. Naandika kuhusu mstari mmoja kwenye karatasi ya hospitali. Wengi wetu hatujawahi kuusoma, ila una siasa ndani yake kuliko hotuba nyingi za jukwaani.

Tuseme kijana wa huku kwetu anakutwa shambani hajitambui, povu mdomoni, chupa ya dawa ya wadudu pembeni. Anapakiwa kwenye bodaboda, anafikishwa hospitali, anafariki. Daktari anaiona sumu. Lakini sumu haisemi imeingiaje. Alikuwa anapulizia bila kujikinga, upepo ukamrudishia? Alikunywa mwenyewe baada ya madeni kumzidi? Au kuna mtu kamtilia?

Kitabu cha Shirika la Afya Duniani cha kuainisha magonjwa na vifo, ICD-10, kina namba kwa kila jibu. Ikiwa ni ajali, X48. Kama alijidhuru, X68. Kama alishambuliwa, X87. Na kama haijulikani, Y18. Sumu ni ileile na marehemu ni yuleyule, lakini kuna namba nne na kila moja inasimulia habari yake. Kundi zima la "nia haijabainika" linaanzia Y10 hadi Y34, na ndani yake kuna risasi, visu, rungu, moto, kuzama majini, kuanguka kutoka juu.

Tuelewane hapa. Namba hiyo siyo dhambi. Imewekwa kwa ajili ya pale ambapo taarifa hazitoshi kwa daktari au chombo cha sheria kutofautisha ajali, kujidhuru na kushambuliwa. Daktari anayeandika Y badala ya kubahatisha ni mtu mkweli, tena anastahili heshima. Ila alichoandika ni swali, na swali linatakiwa liwe na mtu wa kulijibu. Tatizo letu ni kwamba huku vijijini mwili ukishazikwa, na swali linazikwa nao.

Tena kuna hatari kubwa zaidi, nayo ni pale ambapo haijaandikwa chochote. Marekani, kwa mfano, mwongozo wao unasema wazi: nia isipoandikwa, jeraha linahesabiwa kuwa ajali. Y inatumika pale tu mtoa huduma alipoandika kwamba nia haiwezi kubainika. Maana yake nini? Ukimya nao una upande. Kalamu ikinyamaza, mtu aliyepigwa anaweza kuingia kwenye takwimu kama aliyeteleza.

Sasa tuje nyumbani, mkoa wetu huu huu. Agosti 27, 2012, siku polisi walipowatawanya wafuasi wa CHADEMA mjini Morogoro, muuza magazeti Ally Zona alipoteza maisha. Ubishi ukawa ni nini kilimpiga kichwani: risasi ya polisi, au kitu kingine? Angalia jinsi kila jibu lilivyo na namba yake kwenye kitabu kile. Kupigwa kwa bahati mbaya na kitu kilichorushwa ni W20. Kupigwa risasi na mshambuliaji ni X95. Risasi ya askari aliye kazini akituliza ghasia ni Y35.0, ndiyo, kitabu kina mpaka namba ya hiyo. Risasi ambayo nia yake haijulikani ni Y24. Kati ya W20 na Y35 kuna tofauti ya kuwajibika na kutowajibika. Ndiyo maana nasema mstari ule ni siasa.

Sheria nayo inachangia kiza. Kifungu cha 217 cha Kanuni ya Adhabu kinafanya kujaribu kujiua kuwa kosa la jinai. Kwa hiyo mama aliyemkuta mwanawe na chupa mkononi, mtoto akiwa bado anapumua, atasema nini akifika mapokezi? Atasema "kakosea, alidhani ni soda." Mimi simlaumu hata kidogo. Anamwokoa mwanawe na polisi. Lakini kijana huyo anaandikwa ajali, anarudishwa nyumbani na dawa ya tumbo, na hakuna aliyekaa naye kumuuliza kinachomsumbua.

Wapo watakaosema: aliyekufa hafufuki kwa namba. Kweli hafufuki. Lakini bajeti inafuata takwimu. Ikiwa vijana wetu wanakufa kwa ajali za dawa, tunahitaji bwana shamba na vifaa vya kujikinga. Kama wanajiua, tunahitaji washauri na dawa za msongo. Kama wanauawa, tunahitaji wapelelezi. Ukiwaweka wote kwenye kapu la "haijulikani", hakuna anayedaiwa kitu.

Basi tufanye nini? Kwanza, tuache kuwatishia wauguzi na madaktari waandike tunachotaka sisi. Tukifanya hivyo tutakuwa hatuna tofauti na tunaowapinga. Tunachodai ni kwamba waandike walichokiona, na waandike wazi pale wasipojua.

Pili, Sheria ya Uchunguzi wa Vifo, Sura ya 24, ipo. Inaruhusu kifo chenye utata kichunguzwe kimahakama, mashahidi wasikilizwe. Familia ikikwama, wanasheria wa chama wasimame nayo kuudai uchunguzi huo kabla ushahidi haujapotea.

Tatu, madiwani wetu waulize kwenye baraza la halmashauri ya Kilosa: kwa mwaka, majeraha na vifo vingapi viliandikwa nia haijabainika, na vingapi kati ya hivyo vilifuatiliwa? Waombe idadi tu, bila jina la mgonjwa yeyote.

Nne, kifungu cha 217 kifutwe. Mtu aliyefika ukingoni anahitaji mkono, siyo pingu.

Ukirudi kutoka msibani wiki hii na ukasikia "Mungu kapenda", sema amina. Halafu waulize taratibu wafiwa: hospitali waliandika nini?