Mgeni Asiyenyosha Mkono

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Methali hii sisi watu wa pwani twaisema kila mtu abishapo hodi, wala hatuoni haja ya kuifafanua. Lakini hivi karibuni nilikaa siku kumi Riruta, upande wa magharibi wa jiji la Nairobi, nyumbani kwa mpwa wangu, na huko nimeona jambo lililonifanya niiulize methali hii upya. Je, mgeni akija akakitazama chungu tu, kisha akaenda zake, mwenyeji hupona nini?

Ilikuwa siku ya Ijumaa. Mpwa wangu alinichukua kwenda kusali Kibera, mtaa wa Makina, wakaako Wanubi. Tulipotoka msikitini tulipita kichochoro ambamo mama mmoja alikuwa akikaanga samaki, tukasimama kununua. Mara ukaja msafara wa wageni wa Kizungu, kiasi cha watu wanane, mbele yao kijana wa papo hapo mtaani akiwaeleza mambo kwa Kiingereza kilichonyooka. Wageni wakasimama. Wakatazama karai, wakatazama moto, wawili wakainua simu zao wakapiga picha. Hakuna aliyeuliza bei. Yule mama hakugomba wala hakununa. Alitwaa sinia akalifunika fungu lake la samaki, na sinia ile haikuondoka mpaka msafara ulipopinda kona.

"Mzee," akaniambia akifunua tena, "hawa hawali. Wanahesabu mifupa yangu tu."

Neno lile limekaa nami tangu siku hiyo, kwani mama yule alisema kweli kwa maana mbili. Samaki aliokuwa akiwakaanga wanaitwa huko mgongo wazi. Ni sangara wa ziwa la Victoria waliokwisha kuondolewa minofu viwandani, kikabaki kichwa, uti wa mgongo na nyama kidogo iliyoshikamana na mfupa. Minofu hiyo kwa miaka mingi imekuwa ikifungwa katika barafu na kupelekwa ng'ambo, na Ulaya imekuwa mnunuzi wake mkubwa. Basi tazama mzunguko huu, ndugu msomaji: mnofu umesafiri kwenda kwa Mzungu, mgongo umesafiri kwenda Kibera, kisha Mzungu amesafiri kuja kuupiga picha mgongo.

Matembezi haya ya kuongozwa si jambo geni tena. Kwa miaka mingi sasa wageni wanaofika Nairobi kutazama simba na twiga wamekuwa wakiuziwa pia saa chache za kutembezwa Kibera, na malipo hukatwa kabla ya safari, mara nyingi kwa fedha za kigeni. Wako waliolipinga jambo hili mapema. Mwaka 2010 Kennedy Odede, kijana aliyekulia Kibera na ambaye jina lake sasa linajulikana ulimwenguni kwa kazi za kuwasaidia watu wa mitaa hiyo, aliandika makala katika gazeti la New York Times. Humo alisimulia kwamba alipokuwa na umri wa miaka 16 alikuwa nje ya nyumba yao akiosha vyombo, naye hajala kwa siku mbili, mwanamke wa Kizungu akatokea akampiga picha. Zingatia alichokuwa nacho mkononi: vyombo vya kulia, na ndani yake hamna kitu. Picha ilichukuliwa, na njaa ikabaki pale pale.

Sasa mtu ataniuliza: je, watu wa Ulaya nao hawatembezwi miji yao? Wanatembezwa, na mimi mwenyewe nimetembezwa. Miaka michache iliyopita nilipata bahati ya kufika Palermo, mji mkuu wa kisiwa cha Sicily huko Italia. Ni mji ambao Waislamu waliutwaa mwaka 831, wakaukalia mpaka Wanormani walipouchukua mwaka 1072. Jamaa zangu walinilipia matembezi ya chakula: unakwenda kwa miguu pamoja na mwongozaji, mnapita masokoni na vichochoroni, na kila kituo mnakula kitu. Tulianzia soko la Ballarò, ambalo inasemekana hata jina lake lina asili ya Kiarabu. Wachuuzi walikuwa wakinadi bidhaa zao kwa sauti za kuvutavuta, nikajiona kama niko Marikiti, Mombasa.

Katika kituo kimoja tulisimama kwa muuza mkate wa bandama. Bandama la ng'ombe huchemshwa, likakatwa vipande vyembamba, likatiwa katika mkate wa mviringo. Ni chakula cha watu waliokuwa hawana uwezo wa kununua nyama, wakala kile walichokiacha matajiri. Mwongozaji wetu, binti mdogo, alitueleza hayo kwa fahari, kama mtu anayesoma nasaba yake. Mimi nikauliza limekaangwa kwa mafuta gani. Akasema ni shahamu ya nguruwe. Basi bandama, ambalo kwa hadithi ya Mtume wetu ni moja ya damu mbili tulizohalalishiwa, la pili yake likiwa ini, lilikuwa limeharamika kwa mafuta yake. Nikamwambia binti yule, naye akamwambia muuzaji. Muuzaji hakuchukia. Alinyosha kidole kwa jirani yake aliyekuwa akiuza panelle, vipande vya unga wa dengu vilivyokaangwa kwa mafuta ya mimea, akapaza sauti kumwagiza anitengenezee. Nikala, nikashukuru, nao wakacheka kwa furaha.

Nimekisimulia kisa hicho kwa sababu chakula cha maskini wa Palermo na chakula cha maskini wa Riruta ni ndugu. Jioni, ukitoka Riruta kuelekea Kawangware, utaona moshi wa majiko ya mutura kando ya njia. Mutura ni utumbo uliojazwa nyama na damu, ukachomwa juu ya makaa, ukakatwakatwa juu ya ubao na kuliwa kwa chumvi na kachumbari. Machinjio ya Dagoretti hayako mbali, na kile ambacho bucha za wenye pesa hazikitaki hupata wateja huku. Mimi siwezi kula mutura, kwani damu imeharimishwa katika sura ya Al-Maida, na sura hiyo jina lake ni meza iliyoandaliwa. Lakini nilipopita jikoni kwa kijana mmoja muuza mutura na kukaribishwa, nilimwambia, "Ahsante mwanangu, dini yangu hainiruhusu damu." Akaitikia, "Sawa mzee, basi pale kuna mahindi ya kuchoma, yule ni shangazi." Nikanunua mahindi. Yule wa Palermo na huyu wa Kawangware hawajuani, lakini wametenda tendo moja.

Kwa hiyo simlaumu mgeni kwa kutokula. Mtu ana dini yake, ana tumbo lake, ana daktari wake aliyemwonya kuhusu maji. Ila kuna namna ya kutokula inayomheshimu mpishi, na kuna namna inayomvunjia heshima. Mwenye kusema "siwezi, lakini ahsante" amekiri kwamba kilicho mbele yake ni chakula na aliyekipika ni mtu. Mwenye kutazama kimya, akapiga picha, akapita, amekifanya chakula kuwa ushahidi wa umaskini. Palermo, chakula cha maskini kilielezwa kwangu kama historia. Kibera, chakula cha maskini kilielezwa kwa wageni wale kama maradhi.

Na historia si kwamba haipo. Wanubi wa Kibera ni kizazi cha askari wa Kisudani waliotumika katika jeshi la Mwingereza, wakapewa msitu wakae, na Kibra katika lugha yao ni msitu. Mwaka 1918 serikali ya kikoloni iliitangaza ardhi hiyo, ekari 4,197, kuwa eneo la jeshi. Baada ya hapo wenyewe wakahesabiwa wapangaji katika kwao, mpaka Juni 2017 Rais Uhuru Kenyatta alipowakabidhi hati ya ekari 288. Hiyo ni karne moja ya kesi za ardhi. Watu hao wana gurusa yao, mkate mwembamba mlaini ambao kila nyumba ya Kinubi inaujua, na karibu nao wamekaa Waluo, Waluhya, Wakamba, Wakikuyu, kila mmoja na chungu chake. Palikuwa na mengi ya kusimuliwa na ya kuonjwa pale Makina. Muda wote niliosimama nikimsikiliza kijana yule mwongozaji, nilisikia habari za vyoo na taka tu.

Baadaye nilimkuta kijana huyo kwenye kibanda cha chai. Nilimuuliza bila kumshutumu, naye akanijibu bila kuficha. Alisema hayo ndiyo aliyoagizwa aseme na waliomwajiri, kwamba wageni wameonywa wasile njiani, na kwamba kazi hiyo ndiyo inayomlipia mdogo wake karo. "Mzee, nikiacha mimi atachukua mwingine," akasema. Aliongeza kwamba hupitisha wageni kwenye karakana za wachonga mifupa na washona shanga, na huko hununua, na mafundi hufurahi siku hiyo. Haya ni maneno ya haki, na ningekuwa mwongo kama ningeyaficha. Maana yake ni kwamba kutembea si kosa. Palipo na kununua, mgeni na mwenyeji wanatazamana usoni. Palipo na kutazama tu, mmoja huinua simu na mwingine huinua sinia.

Hapa nimkumbushe msomaji habari ya mtembezi mmoja aliyetutangulia. Mwaka 1331 Ibn Battuta alishuka Mogadishu, kisha akalala usiku mmoja Mombasa, akaendelea Kilwa. Mogadishu alikaribishwa akala wali kwa samli, na vitoweo vya nyama, kuku na samaki, ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, na achari ya ndimu na pilipili, na tangawizi mbichi, na maembe. Habari za Mombasa akaandika kwamba chakula cha watu wake ni ndizi na samaki. Leo tukitaka kujua babu zetu walikula nini miaka karibu 700 iliyopita, kitabu cha mtu huyu ni katika vichache vya kutujuza. Hakupata habari hizo kwa kuchungulia madirishani. Alikaa chini, akanawa, akala.

Na katika Kurani imo habari ya Nabii Ibrahimu alipowaandalia wageni ndama aliyenona, akaona mikono yao haifiki kwenye chakula. Ndipo akaingiwa na hofu. Wageni wale walikuwa malaika, kwa hiyo walikuwa na udhuru. Lakini hofu ya Ibrahimu ni hofu ya kila mwenyeji: huyu asiyenyosha mkono, amekuja na nini? Mama wa Makina hakusoma tafsiri, ila hofu ile aliijua, na dawa yake ilikuwa sinia.

Nasema haya si kwa ajili ya Kibera na Kawangware peke yake. Mji wa kale wa Lamu uliingizwa katika urithi wa dunia mwaka 2001, Mji Mkongwe wa Zanzibar mwaka 2000, na vichochoro vyetu vya Mombasa navyo hupitwa na misafara kila msimu. Pale Forodhani, Unguja, mgeni hununua mshikaki wake na pweza wake, akala amesimama pamoja na wenyeji, na pesa huingia mkononi mwa mchomaji. Huo ni uungwana. Lakini iko pia milango yetu ambapo mwongozaji husimama akimwonyesha mgeni bibi anayekuna nazi uani, bila hodi. Tukinyamaza leo juu ya karai la Makina, kesho tutakuwa hatuna la kusema juu ya mbuzi yetu ya nazi.

Yanayotakiwa si makubwa. Mwongozaji awe mtu wa mtaa, na maneno yawe yake, si ya mwajiri. Katika fedha zinazolipwa, itengwe sehemu ya chakula, na ilipwe kwenye chungu, kwa mkono wa mpishi, kwa bei ya mpishi. Chakula kinachotoka motoni kikichemka hakina hatari ya kukimbiwa. Kisha picha isipigwe kabla ya hodi. Mgeni asiyeweza kula na anunue ampe mtoto aliye karibu, au aseme ahsante kwa lugha yoyote, itafahamika.

Siku ya kuondoka Riruta nilipita tena Makina kumuaga yule mama. Sinia ilikuwa imeegemezwa ukutani, karibu na mkono wake. Nikamwachia ubeti huu, mpwa wangu akausoma kwa sauti, naye akasema atautundika juu ya karai:

Mgeni njoo ukae, sisimame mlangoni,
Maji haya uyatwae, unawe uje chanoni,
Tonge usilikatae, lina heshima moyoni,
Kama huli, sishangae, vyungu vikiwa fichoni.