Msonobari si wa Kila Udongo

Wengi hutamani misonobari kama ile ya Sao Hill, Mufindi, inayokua upesi na kutoa mbao. Lakini hiyo ni miti ya nyanda zenye mvua na baridi. Dodoma hupata chini ya milimita 600 za mvua kwa mwaka. Miti yetu ni migunga, mikwaju na mibuyu.

Kondoa yatufundisha. Mradi wa HADO ulianza mwaka 1973. Mwaka 1979 mifugo ikaondolewa, na visiki vya miti ya asili vikachipua. Hata hivyo, walioumia ni wafugaji waliopoteza malisho.

Basi tusingoje amri. Kila Jumuiya Ndogondogo iwakutanishe wakulima na wafugaji, wapatane visiki gani vilindwe, na malisho yabaki wapi.