Ziwa tunalolijua mezani tu

Mama yangu hakuwa na haja ya kutuuliza tulikotoka. Tukirudi nyumbani jioni alitushika mkono mmoja mmoja, akapitisha ukucha kuanzia kwenye kiwiko. Ngozi iliyokaa sana mtoni hupauka, na ukucha ukipita unaacha mstari mweupe. Mstari ukionekana, fimbo ilikuwa tayari imechomekwa kwenye paa. Ndivyo tulivyokua watoto wa kijiji chetu kule Rungwe. Mto tuliusikia usiku tukiwa kitandani, Ziwa Nyasa tuliliona kwa mbali siku mbingu ikiwa safi, na maji yote hayo tulikuwa tumekatazwa.

Nilikuja kuwa mwalimu wa shule ya msingi, nikaolewa Iringa, nikafundisha huko miaka 34. Ukucha wa mama nilihama nao. Mtoto akichelewa kipindi cha mchana nilimkwaruza mkono, maana Ruaha Mdogo haukuwa mbali na shule. Niliamini naokoa maisha.

Mwaka jana, nikiwa na miaka 61, niliingia Ziwa Nyasa kupita magoti kwa mara ya kwanza. Nimerudi na neno ambalo wazazi na walimu wenzangu wa Mbeya na Iringa huenda wasilipende: woga wa maji tunaowarithisha watoto wetu hauwalindi. Unawanyima ziwa lao, na wakati mwingine unawaua.

Tulishuka Kyela mwezi Oktoba kwa sherehe ya kumuaga binti wa mdogo wangu. Sherehe iliisha Jumamosi, na wajukuu wakaamua kwamba hatuwezi kurudi Iringa na magunia ya mchele peke yake. Siku hizi lami inapita Kikusya na Ipinda kuelekea Matema, kwa hiyo sikuwa na kisingizio. Jumatatu saa moja asubuhi tulikuwa ufukweni, watu tisa. Kila mkubwa alikuwa ametoa Sh20,000 za boti na mafuta, na nahodha, kijana wa Kikisi, alikuwa anapanga miwani ya maji na mirija ya kupumulia juu ya benchi kama mtu anayepanga mafungu ya nyanya.

Majaketi okozi yalikuwa sita. Nikakaa chini mchangani, nikasema mimi sipandi na mjukuu wangu hapandi. Kijana hakubisha. Alimtuma mwenzake akaazime, ikapita nusu saa, yakaja matatu, moja mkanda umekatika tukaufunga kwa kipande cha kanga. Baadaye aliniambia kuwa mimi ni abiria wake wa kwanza mwaka ule kuhesabu majaketi. "Wengine wanahesabu soda, mwalimu," alisema.

Ukitoka Matema kwenda mashariki, Milima ya Livingstone inaingia ziwani wima, haiachi hata pa kupitisha gari. Mbele ya Lyulilo ni njia ya miguu au chombo. Tulipishana na mitumbwi ya wavuvi wanaorudi na dagaa, tukafika Ikombe, ambako akina mama wa Kikisi wanafinyanga vyungu vinavyouzwa kwenye soko la Jumamosi pale Lyulilo na kupanda hadi Mbeya mjini. Vyungu hivyo nimevipikia maharage tangu nikiwa msichana. Sikuwahi kujua kwamba safari yao huanzia ndani ya mtumbwi, vimepangwa kimoja juu ya kingine, na mama amekaa nyuma yake anapiga kasia.

Mbele kidogo, penye mawe makubwa, nahodha akazima mashine. Wajukuu walikuwa majini kabla nanga haijatulia. Mimi nilichukua dakika ishirini. Niling'ang'ania ubavu wa boti kwa mikono miwili, uso juu, jaketi limenipanda hadi masikioni.

"Mwalimu, legeza shingo," kijana akasema. "Ukikakamaa maji hayakubebi. Weka uso ndani, pumua kwa mdomo, uhesabu mpaka kumi."

Nimewaambia watoto wa watu wahesabu mpaka kumi kwa miaka 34. Nikahesabu. Kwenye saba nikasahau hesabu.

Chini yangu palikuwa na mtaa mzima. Samaki wa buluu wenye mistari myeusi, wengine wa njano kama ndizi mbivu, wengine wa kahawia wasio na makuu. Kuna waliokuwa wanakwangua mwani kwenye mawe bila kuinua kichwa, na kuna dume lililosimama mlangoni pa jiwe lake likimfukuza kila jirani aliyepita, likanifukuza na mimi. Wenzetu wa Malawi wanawaita mbuna. Nahodha alinieleza kwamba majike yao huatamia mayai mdomoni, na kwamba siku zote hizo mama hali kitu. Nilirudisha uso majini nikimtafuta mama mmoja wa aina hiyo, mashavu yamejaa. Maji yalikuwa safi kiasi kwamba niliona kivuli changu juu ya mawe, kivuli cha mama mnene aliyetanua mikono kama anayesubiri kukumbatiwa.

Hakuna ziwa lingine duniani linalojulikana kuwa na aina nyingi za samaki kama hili. Zinahesabiwa kwa mamia, na nyingi hazipatikani mahali pengine popote. Upande wa Malawi, hifadhi ya Cape Maclear iliingizwa kwenye Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 1984. Ulaya na Marekani watu wanawafuga samaki hawa sebuleni ndani ya matangi ya kioo, na yupo mtoto huko anayewatambua mmoja mmoja kwa rangi. Mjukuu wangu wa miaka 12, ambaye mababu zake walizaliwa mlimani juu ya ziwa hili, alikuwa anamjua mbasa wa kukaanga. Nami nilikuwa hivyo hivyo. Na bado tunavutana na Malawi kuhusu mpaka: wao wameshika mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa mwaka 1890, sisi tunasema mpaka upo katikati ya maji. Mimi pia nasema katikati. Ila inachekesha kugombea maji ambayo tukitumbukia hatujui tufanye nini.

Nikiwa pale juu ya mawe nilimkumbuka mtoto mmoja wa darasa la tano. Nilimkwaruza mkono siku ya Jumanne, mstari ukatoka, nikamchapa mbele ya wenzake. Wiki mbili baadaye alizama. Wenzake walizoea kuogelea pale karibu na njia, mahali ambapo wafua nguo wanawaona. Baada ya fimbo zangu walihamia juu zaidi, nyuma ya kichaka, ili mwalimu asisikie. Huko hakukuwa na mtu mzima wa kusikia hata walipoita msaada kwa sauti zao zote. Kwenye msiba mama yake alinishukuru kwa kuwa nilimkanya mwanawe. Kwa miaka mingi nilijifariji na shukrani ile. Sasa siwezi.

Mtoto wa kiume aliye karibu na maji ataingia tu, na wa kike naye ataingia. Fimbo inabadilisha mahali anapoingilia na watu anaoingia nao. Haimfundishi namna ya kutoka. Shirika la Afya Duniani linakadiria kuwa watu wapatao 300,000 hufa maji kila mwaka duniani, na watoto wadogo ndio wanaoongoza. Na tarehe 6 Novemba 2022, ndege ilipoanguka Ziwa Victoria pale Bukoba ikiwa na watu 43 na 19 wakapoteza maisha, miongoni mwa waliowahi kufika alikuwa mvuvi kijana, Majaliwa Jackson, na kasia lake mkononi. Nchi nzima ilimshangilia. Tulisahau kujiuliza ni kwa nini kijana yule hakuogopa kusogea. Maji yale yalikuwa kazi yake ya kila siku.

Najua nitakayojibiwa. Kuna kichocho, kuna mamba, kuna upepo. Ni kweli, vyote vipo, na ndiyo maana nasema tufundishwe. Kijana wa Kikisi hakutupeleka upande wa mdomo wa Mto Lufilyo, kwa sababu huko ndiko mamba wanakokaa. Hakutushusha kwenye majani na maji yaliyotuama karibu na makazi, kwa sababu konokono wanaobeba kichocho wanapenda hapo, na vijidudu vyao hutoka kwa wingi jua likiwa kali. Hata penye mawe na mawimbi hatari haiishi kabisa; tulipofika Iringa tulisubiri wiki kadhaa, tukaenda kupima na kumeza dawa, kwa kuwa dawa ile haiwashiki vizuri minyoo wachanga. Saa sita mchana alitazama maji upande wa kusini, yakaanza kubadilika rangi, akasema turudi. Wajukuu walinuna, lakini tulirudi. Mambo yote hayo yanafundishika kama jedwali la kuzidisha. Ukucha wangu haukuwahi kufundisha hata moja.

Iringa ninawajua walimu wanaochangishana kwenye kikoba mwaka mzima ili waende Unguja: basi hadi Dar es Salaam, meli, kisha boti ya siku nzima kwenda kutazama samaki kwenye matumbawe ya Mnemba. Siwalaumu, bahari ni nzuri. Wanarudi na picha wamesimama kwenye maji ya kiunoni, wameshikana mikono kama wanavuka barabara. Wangerudi pia na habari ya upande ule ule wa kaskazini mwa Unguja, ambako wasichana waliokulia ufukweni bila kujua kuogelea wamekuwa wakifundishwa, tena kwa mavazi ya stara yanayoufunika mwili wote ili wazazi wasiwe na neno. Kama watu wa pwani waliona kwamba kuzaliwa kando ya maji hakutoshi, sisi wa milimani tunajidanganya na nini?

Shule zetu zinapeleka watoto Ruaha kuwatazama tembo kutoka ndani ya basi, na Isimila kutazama zana za mawe. Ni safari njema. Naomba iongezwe moja, ya Matema. Siku moja tu: asubuhi boti na mawe ya mbuna, mchana vyungu vya Ikombe, na katikati yake saa nzima ya kujifunza kuelea kwenye maji ya kifuani, penye kamba na maboya, na mtu aliyefunzwa anayelipwa kwa kazi hiyo. Halmashauri zinazotoza ushuru wa mazao na wa samaki haziwezi kushindwa kumlipa mtu huyo. Vijana wa boti wanayajua maji kuliko ofisa yeyote. Wapewe mafunzo ya uokoaji na cheti, na nauli ya mwanafunzi ijulikane. Na chombo kisiondoke ufukweni kama majaketi hayalingani na vichwa, yakiwemo ya saizi ya watoto. Wakaguzi wa vyombo vya majini kutoka TASAC hawawezi kuwa kila ufukwe kila asubuhi. Abiria yupo kila asubuhi, akae mchangani mpaka yaletwe.

Wahenga walisema maji usiyoyafika hujui wingi wake. Mama yangu aliutumia msemo huo kutukataza mto. Nimeufikiria upya, na naona nusu ya maana yake aliiacha: basi uyafike, ukiwa na mtu anayeyajua.

Wakati wa kurudi nilikuwa nimewasimulia wajukuu habari za ukucha wa bibi yao mkubwa. Habari za mtoto wa darasa la tano sikuwasimulia. Hizo nimeziandika hapa kwanza. Tulipokaribia Matema jua lilikuwa limetukausha. Yule wa miaka 12 alinishika mkono bila kusema, akapitisha ukucha kutoka kwenye kiwiko, taratibu, kama daktari. Mstari ukatoka, mrefu, mweupe.

"Bibi," akasema, "leo una fimbo."