Ugonjwa Mmoja, Nyumba Mbili



Je, nyumbani kwako kuna mtu ambaye wageni wakija huambiwa aingie ndani? Mimi ni mhudumu wa afya wa kujitolea. Nilipita nyumba moja mara tatu, na mara zote tatu niliandika kwenye daftari: hakuna mgonjwa. Mara ya nne nilisikia sauti nyuma ya nyumba. Alikuwa binti wa pale, amefungwa kamba mguuni. Mama yake aliniambia, "Mwanangu, nitafanyaje? Watu watatucheka." Sikuwa na jibu.

Kwa sababu hiyo nataka kukueleza juu ya filamu mbili. Si maigizo, ni maisha ya watu wa kweli. Mtengenezaji wake ni Robert Lemelson, mtafiti wa Marekani, ambaye kwa miaka mingi alirudi kwa familia zilezile huko Indonesia na kamera yake. The Bird Dancer ilitoka mwaka 2010, na Kites and Monsters mwaka 2011. Zote ni za kisiwa cha Bali, na wagonjwa wote wawili wana ugonjwa wa Tourette. Ugonjwa huu humfanya mtu ashtuke na kutoa sauti bila kutaka. Si ulevi wala utovu wa adabu.

Mgonjwa wa kwanza ni msichana. Alipelekwa kwa waganga wengi na kwa madaktari pia. Familia ilimwonea haya, jirani wakamcheka, hata akatamani kufa. Wa pili ni mtoto wa kiume. Wazazi wake walimlea kama watoto wengine, akarusha tiara na kucheza ngoma za kwao. Alikua, akawa kijana mwenye furaha.

Ni kweli, ugonjwa wa mmoja ulikuwa mkali zaidi. Lakini naona kilichomwumiza zaidi yule msichana si kushtuka kwa mwili. Ni kukataliwa na watu wake.

Sisemi kwamba upendo unatosha bila dawa. Wala simlaumu mama yule: alifunga kamba kwa hofu, mtoto asipotee porini. Ninachosema ni kwamba dawa ya kituo cha afya haifanyi kazi vizuri katika nyumba yenye siri.

Basi tufanye nini?
- Tusiwaite wagonjwa "wazimu". Wana majina.
- Jirani, usicheke. Kicheko chako ndicho kinachofunga kamba.
- Familia, mwambieni mhudumu anayewatembelea. Tunatunza siri.
- Wahudumu wenzangu, tusiandike "hakuna mgonjwa" tukiwa bado mlangoni. Tuketi, tusikilize, turudi tena.

Binti yule sasa huja kliniki na mama yake. Siku mbaya bado zipo. Kamba haipo.